Catherine Bauer, Ernst May na Swali la Makazi: Kutoka Frankfurt hadi Kampala

Utangulizi

Kila tunapofundisha kozi ya tafsiri, lipo neno moja la Kiingereza linalowasumbua wanafunzi kuliko linavyoonekana. Neno hilo ni "housing". Mwanafunzi mmoja ataandika "nyumba", wa pili ataandika "makazi", na wa tatu "ujenzi wa nyumba". Na kila mmoja wao huona kwamba wenzake wamekosea. Makala haya hayakusudii kumpa ushindi yeyote kati yao kwa haraka. Yanakusudia kueleza historia ya mtu aliyelichukua neno hilo, akaliandikia kitabu kizima, na kulipa maana pana kuliko ile iliyozoeleka. Mtu huyo ni Catherine Bauer wa Marekani, na kitabu chenyewe ni Modern Housing, kilichochapishwa mwaka 1934.

Huenda msomaji akauliza: jarida la walimu na wanafunzi wa Kiswahili linahusiana vipi na Mmarekani aliyeandika juu ya nyumba za Ulaya? Uhusiano upo, tena wa karibu. Mji uliomfunza Bauer mambo mengi ni Frankfurt, Ujerumani. Msanifu majengo aliyeongoza ujenzi wa mitaa mipya ya mji huo, Ernst May, ndiye baadaye aliyechora mpango wa kuupanua mji wa Kampala, na ndiye aliyesanifu jengo la Makumbusho ya Uganda tunalolipita kila siku katika barabara ya Kira. Kwa hiyo, swali alilouliza Bauer lilifika kwetu kwa miguu ya mwalimu wake mwenyewe. Tutaona kwamba lilifika likiwa limepungukiwa na kitu kimoja muhimu.

Bauer ni nani?

Catherine Bauer alizaliwa mwaka 1905 katika mji wa Elizabeth, jimbo la New Jersey. Alihitimu Chuo cha Vassar mwaka 1926, kisha akaenda kuishi Paris kwa muda. Hakusomea usanifu hadi kuhitimu. Alikuwa mwandishi aliyependa majengo. Aliporudi New York alifahamiana na Lewis Mumford, mhakiki mashuhuri wa miji na usanifu, ambaye alimhimiza aende kutazama kwa macho yake mitaa mipya iliyokuwa ikijengwa Ulaya baada ya Vita Kuu ya Kwanza.

Mwaka 1930 alikwenda Ujerumani na kuhudhuria mafunzo yaliyotolewa Frankfurt chini ya uongozi wa May. Mwaka uliofuata, 1931, insha yake juu ya mji huo ilishinda tuzo ya gazeti la Fortune. Jambo hili lastahili kuzingatiwa. Fortune lilikuwa gazeti la wafanyabiashara wakubwa, na insha iliyoshinda ilieleza nyumba zilizojengwa na halmashauri ya mji kwa ajili ya wafanyakazi. Mwaka 1932 alishiriki pamoja na Mumford, Clarence Stein na Henry Wright kuandaa sehemu ya makazi katika maonyesho ya usanifu wa kisasa yaliyofanyika kwenye Makumbusho ya Sanaa za Kisasa, New York. Miaka miwili baadaye kitabu chake kikatoka. Alikuwa na umri wa miaka 29.

Alichokiona Frankfurt

Wanafunzi wetu wa fasihi hulijua neno "usasa" kutokana na ule mgogoro wa ushairi huru wa miaka ya 1970. Katika usanifu, usasa ulikuwa na sura nyingine: kuta nyeupe zisizo na mapambo, paa bapa, madirisha mapana, saruji na chuma. Wengi waliuona kama mtindo tu. Huko Frankfurt ulikuwa zaidi ya mtindo.

May aliongoza idara ya mipango na ujenzi ya mji huo kuanzia mwaka 1925 hadi 1930. Katika muda huo mfupi zilijengwa nyumba zipatazo 15,000. Mtaa wa Römerstadt, uliojengwa mwaka 1927 na 1928, ulikuwa na nyumba zipatazo 1,200 zilizofuata mteremko wa bonde la mto Nidda, kila moja ikipata jua na hewa. Vipande vya saruji vilitengenezwa kiwandani na kupelekwa mahali pa ujenzi ili kupunguza gharama. Margarete Schütte-Lihotzky, mmoja wa wasanifu wa kike wa mwanzo kabisa nchini Austria, alibuni mwaka 1926 jiko dogo lenye upana wa mita 1.9 na urefu wa mita 3.4, ambamo kila kitu kilikuwa karibu na mkono wa mpishi. Alihesabu hatua anazotembea mwanamke jikoni kama vile meneja anavyohesabu hatua za mfanyakazi kiwandani. Maelfu ya majiko hayo yalijengwa.

Mwaka 1929 wasanifu kutoka nchi mbalimbali walikutana Frankfurt kujadili swali moja: nyumba ndogo kabisa inayomtosha binadamu kuishi kwa heshima iweje? Swali hilo halikuwa la urembo. Lilihusu mita za mraba, mwanga, maji na kodi inayolipika kwa mshahara wa kibarua. Hili ndilo lililomvutia Bauer.

Hoja za Modern Housing

Kitabu cha Bauer ni kinene na kina picha na michoro mingi, lakini hoja zake kuu zaweza kufupishwa katika nukta tatu.

Kwanza, kipimo cha makazi ya kisasa si nyumba moja bali ni mtaa. Nyumba nzuri iliyozungukwa na matope, isiyo na shule wala uwanja wa watoto kuchezea, haijatimiza kazi yake. Kwa hiyo mtaa upangwe mzima tangu mwanzo, si kiwanja kimoja kimoja kama kila mwenye ardhi apendavyo.

Pili, nyumba ijengwe kwa ajili ya matumizi, si kwa ajili ya faida. Bauer alieleza kwamba soko la kawaida lilikuwa limeshindwa kwa muda wa miaka mia moja kumpa mfanyakazi wa kipato cha chini nyumba yenye hewa, mwanga, choo na faragha kwa bei anayoweza kuilipa. Hakusema hivyo kwa hasira. Alionyesha mifano ya Uingereza, Ujerumani, Uholanzi, Austria na nchi za Skandinavia, ambako serikali za miji, vyama vya ushirika na vyama vya wafanyakazi vilijenga nyumba nyingi kwa msaada wa fedha za umma katika miaka iliyofuata vita.

Tatu, na hii ndiyo nukta iliyomtofautisha na wasanifu wengi wa wakati wake, nyumba hizo hazikuletwa na wataalamu peke yao. Zilipatikana kwa sababu wananchi wenyewe walizidai. Palipokuwa na vyama vya wafanyakazi vyenye nguvu na wapangaji waliojipanga, serikali zilijenga. Pasipokuwa na madai hayo, michoro mizuri ilibaki kabatini. Kwa Bauer, msanifu mwenye kipawa bila wananchi wanaodai ni sawa na fundi aliyekaa na zana zake asubuhi nzima akingoja kazi ambayo hakuna aliyemwita kuifanya.

Kutoka kitabu hadi sheria

Bauer hakuishia kuandika. Katika mji wa Philadelphia, chama cha wafanyakazi wa viwanda vya soksi kiliwauliza wanachama wake jinsi wanavyoishi na wanavyotaka kuishi, kisha kikapata mkopo wa serikali kujenga mtaa wa Carl Mackley, uliopewa jina la mfanyakazi aliyeuawa wakati wa mgomo mwaka 1930. Wasanifu wake walikuwa Oscar Stonorov na Alfred Kastner. Mtaa huo ulifunguliwa mwaka 1935 ukiwa na nyumba 284, bwawa la kuogelea, shule ya chekechea, na vyumba vya kufulia nguo vilivyowekwa juu kwenye paa ili akina mama waanike nguo juani. Bauer aliwahi kuwa katibu mtendaji wa jumuiya iliyoundwa na watu wa vyama vya wafanyakazi kudai makazi, akazunguka miji mingi akihutubia mikutano ya matawi ya vyama hivyo.

Juhudi hizo zilisaidia kupatikana kwa Sheria ya Makazi ya mwaka 1937, ambayo Rais Franklin Roosevelt aliitia saini mwezi Septemba mwaka huo. Kwa mara ya kwanza Marekani ikawa na mpango wa kudumu wa nyumba za umma, na Bauer akapewa kazi ya kuongoza utafiti na habari katika mamlaka mpya iliyoundwa. Mwaka 1940 alichapisha kijitabu kifupi cha kumweleza mwananchi wa kawaida nyumba za umma ni nini.

Hata hivyo, sheria ilipita ikiwa imebanwa kila upande. Iliweka kikomo cha gharama kwa kila nyumba. Iliwakubali tu watu wa kipato cha chini kabisa, kwa hiyo mpangaji aliyepata nafuu kidogo alilazimika kuhama. Ilitaka kwa kila nyumba mpya inayojengwa, nyumba mbovu moja iondolewe. Kwa masharti hayo, nyumba za umma zikawa mahali pa maskini peke yao. Mtaa wa wananchi wa kila namna, kama ule alioukusudia Bauer katika kitabu chake, haukuweza kupatikana.

Bauer alikuwa na ujasiri wa kulisema hilo hadharani. Mwaka 1957, akiwa mwalimu wa chuo kikuu huko Berkeley, California, aliandika makala yaliyovuma sana juu ya mkwamo wa nyumba za umma. Alikosoa minara mirefu inayofanana, usimamizi unaomchunga mpangaji kama mtoto, na nyumba ambazo mtu akiziona kwa mbali tu anajua kwamba ni za maskini. Mkosoaji huyo hakuwa adui wa nyumba za umma. Alikuwa mmoja wa wakunga wake. Alifariki mwaka 1964 kwa ajali akiwa matembezini mlimani. Miaka minane baada ya kifo chake, mwaka 1972, serikali ilianza kuibomoa mitaa ya Pruitt-Igoe huko St. Louis, yenye majengo 33 ya ghorofa 11, ambayo yalikuwa hayajatimiza hata miaka 20. Wengi walisema usanifu wa kisasa ndio uliokufa siku hiyo. Msomaji wa Bauer atajibu kwamba kilichoanguka pale kilikuwa umbo lililochukuliwa bila hoja yake.

May Afrika Mashariki

Sasa turudi kwa Ernst May. Mwaka 1930 aliondoka Frankfurt na kwenda Urusi ya Kisovieti kupanga miji mipya ya viwanda, ukiwamo mji wa Magnitogorsk. Muda wake ulipokwisha, Hitler alikuwa ameshika madaraka Ujerumani. May alikuwa na asili ya Kiyahudi na mitazamo ya mrengo wa kushoto, kwa hiyo hakuweza kurudi kwao. Mwaka 1934, mwaka uleule kilipotoka kitabu cha Bauer, alifika Tanganyika na kuanza kilimo karibu na Arusha. Baadaye alifungua ofisi ya usanifu Nairobi. Wakati wa Vita Kuu ya Pili aliwekwa kizuizini kwa sababu ya uraia wake wa Ujerumani, akaachiliwa kabla vita havijamalizika.

Mwaka 1945 Kampala ilitikiswa na mgomo na ghasia za wafanyakazi. Mishahara ilikuwa duni, bidhaa zilikuwa ghali, na Mwafrika aliyefanya kazi mjini hakuhesabiwa kuwa mkazi wa mji. Alionekana kuwa mgeni wa muda ambaye siku moja angerudi kijijini. Katika hali hiyo serikali ya kikoloni ilimwita May achore mpango wa kupanua mji, na mwaka 1947 mpango huo ulichapishwa. May alitazama vilima vya Kololo na Naguru kama alivyolitazama bonde la Nidda: alifuata miinuko na miteremko, akaacha mabonde yawe mikanda ya kijani, na akapanga mitaa yenye shule na maduka yake. Kwa upande mmoja huo ulikuwa usasa wa Frankfurt kwa ukamilifu wake. Tena, tofauti na mipango iliyotangulia, mpango wake ulimpa Mwafrika nafasi ya kuishi mjini na familia yake.

Kwa upande mwingine, mikanda ileile ya kijani ilitenga watu kwa rangi. Wazungu walikuwa na eneo lao, Waasia lao, na Waafrika lao. May aliamini kwamba Mwafrika angepanda ngazi ya maendeleo polepole, na kwamba nyumba yake ifuate ngazi hiyo, kutoka iliyo ya chini hadi iliyo bora. Alibuni hata nyumba ya mabamba ya saruji yaliyopinda kama upinde, ambayo umbo lake lilikusudiwa kukumbusha nyumba za asili. Mkaaji mtarajiwa hakuulizwa kama alitaka kukumbushwa.

Hapa ndipo tofauti kati ya mwalimu na mwanafunzi inapoonekana wazi. Frankfurt ilikuwa na baraza la mji lililochaguliwa, vyama vya wafanyakazi, na wapangaji waliokuwa na kura. Kampala ya mwaka 1947 ilikuwa na gavana. May alileta kila kitu isipokuwa ile nukta ya tatu ya Bauer, kwa sababu haikuwa mikononi mwake kuileta, na serikali iliyomwajiri haikuitaka. Si haki kumlaumu peke yake: mkimbizi anayetafuta riziki katika nchi ya watu hana uhuru mwingi wa kuchagua mwajiri. Lakini pia si haki kuyasifu majengo yake tukasahau waliokosa sauti ndani yake. Wahenga walisema, kitanda usichokilalia hujui kunguni wake.

May alirejea Ujerumani mwanzoni mwa mwaka 1954. Jengo la Makumbusho alilosanifu lilifunguliwa mwaka huohuo. Mwaka 2011 kulikuwa na mpango wa kulibomoa ili kujenga jengo la ghorofa 60. Wananchi walilalamika na kwenda mahakamani, na jengo lingali limesimama. Mwaka huohuo nyumba za umma za Nakawa na Naguru, zilizojengwa enzi za ukoloni kwa ajili ya wafanyakazi wa Kiafrika, zilivunjwa na wakazi wake wakaondolewa ili kupisha mji mpya wa kisasa. Makumbusho ilipata watetezi wenye sauti, wapangaji hawakupata. Mji ule ulioahidiwa haukujengwa kama ulivyoahidiwa.

Linganisha na Magomeni Kota, Dar es Salaam. Huko pia wakazi wa nyumba za zamani waliondolewa na nyumba zikabomolewa. Lakini waliendelea kudai kwa miaka kadhaa wakiwa kitu kimoja, hadi serikali ikajenga maghorofa mapya yaliyozinduliwa mwaka 2022 kwa ajili ya kaya 644 zilizokuwa zikiishi pale. Bauer angeutambua mfano huo mara moja.

Lugha ya makazi

Kwa sisi walimu wa lugha, historia hii inatupa kazi darasani. Kiswahili kina maneno mengi ya jambo hili, na kila neno lina historia yake.

"Nyumba" ni kitu: kuta, paa na mlango. "Makazi" yametokana na kitenzi "kukaa", na hapo hapo yamebeba mtu, muda na majirani. Ndiyo maana twauliza "unakaa wapi?" na jibu huwa jina la mtaa, si maelezo ya nyumba. "Majengo" ni jina la mitaa katika miji mingi, kama vile Nairobi, Mombasa na Moshi, na kwa kawaida ni mitaa ambayo Waafrika walijijengea wenyewe. "Kota" limetoka katika Kiingereza, nalo lilitaja nyumba za mwajiri au serikali, ambazo mtu hukaa kwa idhini ya mwingine. Hapa Kampala, chumba kimoja cha kupanga huitwa "muzigo" kwa Kiganda. Mwanafunzi akilitumia neno hilo katika insha ya Kiswahili, msomaji wa Mombasa ataelewa kwamba mtu huyo amebeba mzigo. Pengine hatakuwa amekosea sana.

Ukiyapanga maneno haya utaona kwamba kila moja linajibu swali tofauti: nani amejenga, nani anamiliki, nani anakaa, na kwa idhini ya nani. Kwa maoni yangu, Bauer alipoandika "housing" alikusudia yote hayo kwa pamoja, na neno letu lililo karibu zaidi ni "makazi". Mwanafunzi wa pili katika darasa letu ndiye aliyekaribia. Lakini wa kwanza pia hakosi pale anaposoma habari za leo: nchini Kenya, sheria ya mwaka 2024 inayowatoza wafanyakazi asilimia 1.5 ya mshahara hutajwa kwa "nyumba za bei nafuu". Neno hilo laeleza kitu kitakachojengwa na bei yake. Halielezi nani atakaa humo, wala kama aliulizwa.

Hitimisho

Mwaka 2020 kitabu cha Modern Housing kilichapishwa upya nchini Marekani, na mwaka huohuo chuo kikuu cha Berkeley kiliongeza jina la Bauer kwenye jengo la kitivo ambalo awali lilibeba jina la ukoo wa mumewe, William Wurster, peke yake. Heshima hiyo ilichelewa, ila imekuja wakati mzuri. Miji yetu inakua upesi, michoro ya maghorofa yenye kung'aa inabandikwa kwenye mabango kila kona, na mara nyingi wanaoonekana katika michoro hiyo si wale wanaoishi pale sasa.

Tunawashauri walimu wawape wanafunzi zoezi dogo. Kila mmoja aende kwenye mtaa anaokaa, awaulize wazee watatu mtaa huo ulijengwa lini, na nani, na uliitwaje kabla ya jina la sasa. Kisha aandike ukurasa mmoja kwa Kiswahili sanifu. Asiruhusiwe kutumia neno "nyumba" palipostahili "makazi", wala "makazi" palipostahili "nyumba". Atakapomaliza atakuwa amejifunza tofauti ya maneno mawili, na atakuwa amewauliza wakaaji swali ambalo mwaka 1947 halikuulizwa.